Nunda wa Lindi: ni mnyama gani aliyewaua askari wa soko?

Askari aliyekuwa zamu usiku wa manane katika soko la Lindi hakuonekana. Mwenzake aliyekuja kumpokea lindo alimtafuta huku na huku, akamkuta chini ya meza ya mchuuzi, amechanwachanwa. Mkononi alikuwa ameshika fundo la manyoya ya kijivu.

Anayesimulia haya ni Kapteni William Hichens, Mwingereza aliyekuwa hakimu wa mashauri ya wenyeji mjini Lindi mwanzoni mwa utawala wa Waingereza Tanganyika. Mwaka unaotajwa mara nyingi kwa kisa hiki ni 1922. Tangu hapo mauaji yale yamezunguka dunia. Wameyachukua wawindaji, wameyachukua wapenzi wa wanyama wa ajabu, na wameyachukua watu wanaoamini kwamba misitu ya kusini mwa Tanzania ilimhifadhi paka mkubwa wa zama za kale ambaye sayansi inasema alikwisha kutoweka. Jina walilompa ni letu: nunda, au mngwa. Wengi wa hao huanza na mnyama wa kale, kisha wakamtafutia nafasi Lindi. Mimi nitaanzia sokoni.

Usiku wa kwanza na wa pili

Wachuuzi wa soko lile hawakuwa wakibeba bidhaa kurudi nazo nyumbani jioni. Waliziacha palepale ili kukicha waanze biashara bila hangaiko. Kwa hiyo askari watatu walipokezana lindo, kila mmoja kwa muda wa saa nne, wawazuie wezi na wawafukuze waliotaka kujilaza sokoni. Aliyekufa alikuwa peke yake, usiku, mahali pa wazi.

Hichens na ofisa wa polisi walifika usiku uleule. Hukumu ya kwanza ya Hichens, kabla hajasikia neno la shahidi yeyote, ilikuwa kwamba askari ameuawa na mnyama, na kwamba mnyama huyo anaelekea kuwa simba. Manyoya yale aliyaona kama yale ambayo mtu angeyang'oa shingoni mwa simba dume akiipigania roho yake. Kilichomtatiza kilikuwa kimoja: kwa miaka mingi simba hakujulikana kuingia mjini.

Kulipokucha, jambo lenyewe likiwa bado linajadiliwa bomani, liwali aliingia kwa haraka. Alikuwa mzee wa Kiarabu, msomi na mtu wa heshima, na nyuma yake walikuwapo wanaume wawili wenye hofu machoni. Hao walieleza kwamba usiku walipita karibu na soko kwa kunyata, wasije wakaonekana na askari wakadhaniwa wahalifu. Katika kunyata huko wakamwona paka mkubwa mno, mwenye mistari-mistari, akichupa kutoka gizani na kumbwaga askari chini. Ni nunda, walisema. Liwali akaongeza kwamba katika umri wake nunda amekwisha kufika mara kadhaa: si simba, si chui, ni paka mwenye ukubwa wa punda na marakaraka ya paka wa nyumbani.

Usiku uliofuata askari mwingine akararuliwa, na manyoya yaleyale ya kijivu yakakutwa mikononi mwake. Kwa mujibu wa Hichens, habari za namna hiyo zilikuja pia kutoka vijiji vingine vya pwani. Manyoya yalipelekwa kuchunguzwa, na jibu likarudi fupi: yaelekea ni ya paka.

Kuna nyongeza mbili ambazo hazikosi kutajwa kila kisa hiki kinaposimuliwa. Moja ni ya mwindaji aliyeletwa mbele ya Hichens pale Mchinga, amebebwa kwenye machela, akisema aliyemjeruhi ni mngwa. Hichens alimjua kuwa mtu jasiri aliyezoea kupambana na simba na chui, akajiuliza kwa nini mtu wa namna hiyo abuni mnyama. Nyingine ni ya Patrick Bowen, mwindaji wa Kizungu, aliyesema alifuata nyayo za mnyama aliyemnyakua mtoto. Nyayo zilikuwa za umbo la chui, lakini kubwa kama za simba mkubwa.

Mashahidi waliokuwa wakinyata

Ukiisoma simulizi hii taratibu utaona ina maamuzi mawili ndani yake. La kwanza lilitokana na maiti, majeraha na manyoya, nalo likasema simba. La pili lilitokana na maneno ya watu, nalo likasema nunda. Kati ya usiku na asubuhi hakuna kitu kipya kilichookotwa sokoni. Walioongezeka ni watu watatu ofisini.

Sisemi watu hao ni waongo. Lakini tuwapime kama shahidi yeyote anavyopimwa. Walikuwa gizani, mbali kidogo, wamejificha, na walichokiona kilipita kwa nukta chache. Jicho la binadamu katika mwanga hafifu halioni rangi. Wekundu na manjano hupotea, hubaki weupe, weusi na kijivu. Simba wa rangi ya nyasi kavu akiruka katikati ya vibanda vya soko usiku ataonekana wa kijivu, na kivuli cha nguzo na fito kikimpitia mgongoni kitamchora mistari bila gharama. Ukubwa wa punda nao haunishangazi hata kidogo. Punda wetu wa kawaida ana kimo cha mita moja au zaidi kidogo begani, na simba dume aliyekomaa anafika takriban mita moja na robo. Liwali alikuwa akieleza kimo cha simba.

Kuna swali jingine ambalo wapenzi wa nunda hawaligusi. Soko lile lililindwa kwa sababu lilikuwa na mali. Wanaume wawili wanapita usiku wa manane, wanamkwepa askari, askari anakufa, na kulipokucha wao ndio wanaofika bomani wakiwa na jina la muuaji mdomoni. Kama upelelezi ungekuwa mikononi mwangu, swali la kwanza kwa wale wawili lisingehusu paka kabisa: mlikuwa mnatoka wapi, na bidhaa za nani zimepungua? Mauaji ya watu kuvikwa sura ya mnyama si jambo la kufikirika tu nchini mwetu. Kesi za watu-simba wa Singida katika miaka ya 1940 zilifika mahakamani, na waliopatikana na hatia walikuwa binadamu. Fundo la manyoya mkononi mwa marehemu lingeweza kutoka kwenye ngozi iliyovaliwa.

Hata hivyo silishiki sana wazo hilo. Hichens aliiona maiti kwa macho yake, na majeraha yalimwambia mnyama kabla ya mtu mwingine kusema lolote. Pia mwizi aliyekwisha kuua usiku wa kwanza harudi palepale usiku wa pili, mji mzima ukiwa macho, kuua askari mwingine. Mnyama ndiye anayerudi mahali alipopata. Nimelitaja kwa sababu moja: lingepaswa kuchunguzwa na kumalizwa kabla ya mtu kufikiria mnyama aliyetoweka tangu enzi za mawe.

Kuhusu chui, hapana budi kumpa haki yake. Ni mnyama anayeishi karibu na watu bila kuonekana, huingia mijini kufuata mbwa, na akizoea nyama ya mtu ni balaa. Katika miaka hiyohiyo, kati ya 1918 na 1926, chui mmoja wa Rudraprayag kule India alihesabiwa kuwa ameua watu 125. Lakini manyoya marefu ya kijivu yaliyojisokota, ya kujaza kiganja, hayatoki kwa chui. Manyoya yake ni mafupi na yamelala.

Ushahidi wa Bowen hauongezi mnyama mpya. Nyayo za simba na za chui ni za mpangilio mmoja: vidole vinne, kisigino chenye mikunjo mitatu nyuma, kucha hazionekani. Zinachotofautiana zaidi ni ukubwa. Kusema nyayo ni za chui lakini kubwa kama za simba ni karibu sawa na kusema ni za simba.

Hadithi ilitangulia

Mwaka 1870 Edward Steere alichapisha London ngano za Kiswahili alizosimuliwa Unguja. Miongoni mwake imo ya Sultani Majnuni na paka wake. Watoto wa pwani waliolelewa na bibi zao wanaijua. Paka anakula ndama, watu wanashtaki, sultani anasema paka ni wangu na ndama ni wangu. Anakula mbuzi, anakula ng'ombe, jibu ni lile lile, mpaka paka anapogeuka kuwa nunda mla watu na kuwaua baadhi ya watoto wa sultani mwenyewe. Kitinda mimba ndiye anayekwenda kumsaka, na kila mnyama anayemuua na kumleta nyumbani, mama anamwambia huyu siye, nunda ni mkubwa kuliko huyu.

Kwa hiyo miaka hamsini kabla ya askari kufa sokoni, nunda alikuwa tayari ana jina, umbo na tabia. Alikuwa paka aliyekua kupita kiasi, anayekula watu, na ambaye kila mnyama halisi unayemleta hatoshi kuwa yeye. Mtu aliyelelewa na ngano hii, akiona gizani paka mkubwa akimwangusha askari, atamwita nani? Wafuasi wa mngwa hurudi nyuma zaidi, hadi tungo zinazonasibishwa na Fumo Liongo, wakitaka kuonyesha kwamba mnyama ni wa kale na kwa hiyo ni wa kweli. Mimi nauona ukale huo ukifanya kazi kinyume. Jina likikaa karne nyingi midomoni, kila anayeogopa gizani atalikuta limemngoja.

Na Hichens mwenyewe hakuwa ofisa wa kawaida asiyejua Kiswahili zaidi ya kuagiza chai. Huyu ndiye aliyehariri Al-Inkishafi, toleo lililotoka 1939, na mwaka uliofuata diwani ya Muyaka bin Haji. Sisi wasomaji wa ushairi wa zamani tuna deni kwake. Alikuwa mtu aliyeipenda fasihi ya Waswahili kwa moyo wote, na nadhani penzi hilo ndilo lililomfanya awe sikio jepesi. Mwaka 1927 aliandika juu ya wanyama wa ajabu wa Afrika katika jarida la Uingereza kwa jina la kalamu la Fulahn, na kichwa cha makala kilimtaja hata brontosaurasi, mmoja wa dinosaria. Kisa cha soko akakisimulia kwa urefu katika jarida la Discovery mwaka 1937, miaka kumi na mitano baada ya tarehe inayotajwa. Hapo katikati, kuanzia 1933, magazeti ya Uingereza yalikuwa yamejaa habari za dude la Loch Ness, ziwa la Uskoti. Wasomaji walikuwa na njaa ya mnyama wa kale, na Hichens alikuwa na chakula.

Lindi nayo ilikuwa na sababu ya pekee ya kuwatia wageni fikra za namna hiyo. Kilima cha Tendaguru kiko kaskazini-magharibi mwa mji. Kati ya 1909 na 1913 Wajerumani walichimba huko mifupa ya dinosaria chini ya Werner Janensch na Edwin Hennig, kwa mikono ya mamia ya wenyeji, na mtu aliyesimamia wachimbaji hao kwa ustadi ni Boheti bin Amrani. Wapagazi walibeba vichwani zaidi ya tani 200 hadi bandari ya Lindi. Mwaka 1924 Waingereza wakaja na msafara wao, William Cutler akiongoza na kijana Louis Leakey akiwa msaidizi. Mwaka uliofuata Cutler akafa kwa malaria Lindi. Katika mji ambao bandari yake imepakia mifupa ya mijusi mirefu kuliko minazi, kufikiri kwamba kitu cha kale bado kinatembea msituni hakukuwa wazimu. Ni kwamba tu mifupa ya Tendaguru ina umri wa miaka takriban milioni 150, wakati ambapo ukoo wa paka ulikuwa haujawahi kuwapo duniani.

Paka wa kale ni akina nani hasa

Wanaotaka nunda awe mabaki ya zama za kale humtaja mmojawapo kati ya paka wa meno ya jambia. Afrika ilikuwa nao watatu wanaojulikana vizuri: Homotherium, Megantereon na Dinofelis. Visukuku vya paka wa kundi hili vimepatikana hata kwetu, upande wa Laetoli na Olduvai. Waliishi bega kwa bega na mababu wa binadamu kwa muda mrefu, halafu wakatoweka barani mwetu takriban miaka milioni moja hadi moja na nusu iliyopita. Wakati huo wanyama wakubwa walao nyama walikuwa wakipungua Afrika Mashariki kwa jumla, na baadhi ya wataalamu wanadhani binadamu wa mwanzo, kwa kuwapora mizoga na kuwinda pamoja, alikuwa na mkono wake katika hilo.

Hapa pana kosa ambalo limeenea sana, hata kwa watu waliosoma: kudhani meno-jambia ni babu wa simba. Siye. Mwaka 2020 jopo la watafiti lilisoma vinasaba kamili vya Homotherium kutoka mfupa wa Yukon, Kanada, ambako mnyama huyu alidumu muda mrefu zaidi kuliko Afrika. Matokeo yalionyesha kwamba ukoo wake uliachana na ukoo wa paka wote walio hai zaidi ya miaka milioni 20 iliyopita. Maana yake simba, chui, duma, mondo, simbamangu na paka anayelala jikoni kwako ni ndugu wa karibu zaidi wao kwa wao kuliko yeyote kati yao alivyo kwa Homotherium. Vinasaba hivyo vilionyesha jambo jingine linalohusu kisa chetu moja kwa moja: dalili za mnyama aliyeona vizuri mchana, aliyeweza kukimbia umbali mrefu, na pengine aliyeishi kwa makundi. Mnyama wa namna hiyo, peke yake, sokoni, usiku wa manane, ni mshukiwa mbaya.

Na sasa tuna hata manyoya yake. Mwaka 2024 wanasayansi wa Urusi walitangaza mtoto wa Homotherium aliyekutwa ameganda kwenye barafu ya Yakutia, wa umri wa wiki tatu hivi alipokufa, zaidi ya miaka 35,000 iliyopita. Ana manyoya mengi, mafupi, ya kahawia iliyokolea. Hayana mistari ya kijivu. Mtoto wa nchi ya barafu hawezi kutuambia rangi ya ndugu zake wa Afrika, hilo nakubali; lakini ndiyo manyoya pekee ya kundi hili ambayo binadamu wa leo ameyagusa, na hayamsaidii nunda.

Dinofelis ndiye anayependwa zaidi, kwa sababu anadhaniwa alikaa penye miti na kuvizia. Zamani wataalamu wa Afrika Kusini walifikiri huenda ndiye aliyekuwa akiwala mababu zetu. Kemia ya mifupa na meno kutoka pango la Swartkrans haikuunga mkono hilo: ilionyesha chakula chake kilikuwa zaidi wanyama wala majani ya mbugani. Kutoka pango hilohilo kuna fuvu la mtoto wa jamii ya mababu wa binadamu, lenye matundu mawili, na Bob Brain alionyesha kwamba nafasi kati ya matundu hayo inalingana na chonge za chui. Katika kumbukumbu ya mifupa, basi, paka mwenye alama za meno kwenye kichwa cha mtu wa kale ni yule ambaye bado yuko hai.

Kama mtu hataki kuachana na paka mkubwa wa kale wa Afrika Mashariki, namwelekeza Natodomeri, karibu na Ziwa Turkana, Kenya. Mwaka 2018 lilielezwa fuvu lililopatikana huko, la miaka takriban 200,000, kubwa kuliko la simba yeyote wa leo barani, likifikia simba wakubwa wa mapangoni wa Ulaya na Asia. Lakini tazama jina lake. Ni simba. Simba wa mapangoni mwenyewe, aliyetoweka Ulaya na Siberia miaka takriban 14,000 iliyopita, ni binamu wa karibu wa simba wetu. Uchunguzi wa vinasaba wa 2020 uliwatenganisha kwa miaka nusu milioni tu, muda mfupi mno katika hesabu za ukoo wa paka. Ukimfuata paka mkubwa wa kale nyuma kwa uaminifu, njia inarudi kwa simba tena.

Bernard Heuvelmans, Mbelgiji aliyelipa umaarufu suala hili katika miaka ya 1950, alipendekeza mnyama mwingine: aina kubwa mno ya paka wa dhahabu. Paka huyo yupo kweli, ana rangi ya kijivu au ya kutu, na anaishi misitu ya Afrika Magharibi na Kati hadi Uganda. Ni ndugu wa simbamangu. Uzito wake haufiki kilo ishirini. Kumkuza hadi ukubwa wa punda ni kazi ile ile aliyoifanya paka wa Sultani Majnuni.

Tofauti ya kisa kilichokwisha

Si kwamba wenyeji hukosea kila wanapotaja paka asiyejulikana. Katika miaka hiyohiyo ya 1920, Rhodesia ya Kusini (sasa Zimbabwe), watu walizungumza juu ya mnyama waliyemwita nsuifisi, nusu chui nusu fisi. Ngozi zikapatikana kuanzia 1926: zina mistari minene mgongoni badala ya madoa. Mwaka 1927 Reginald Pocock akampa jina la kisayansi kama jamii mpya ya duma, kisha baadaye akaliondoa mwenyewe. Mwaka 1981 mtoto wa namna hiyo alizaliwa na duma wa kawaida kwenye kituo cha De Wildt, Afrika Kusini. Mwaka 2012 ikajulikana kwamba mabadiliko katika jeni moja, Taqpep, ndiyo yanayogeuza madoa kuwa mistari, na jeni hiyohiyo huchora mabaka mapana kwenye paka wa nyumbani.

Huyo alikuwa paka wa marakaraka kama paka wa nyumbani, kweli kabisa, na wanakijiji walikuwa sahihi. Lakini kisa chake kilienda mbele kwa sababu palikuwa na ngozi ya kutandaza mezani. Kisa cha Lindi kina fundo la manyoya na jibu la neno moja. Hadubini ya miaka ile iliweza kutazama magamba ya unywele na kusema ukoo. Isingeweza kutenga simba na paka mwingine kwa uhakika. Jibu "paka" halimtoi simba. Simba ni paka.

Simba wa kusini

Sasa kikwazo pekee cha Hichens: simba hakuwa ameingia mjini kwa miaka mingi. Kwa mtu anayeijua Lindi na Mtwara hicho si kikwazo. Mwaka 2005 Craig Packer na wenzake, wakiwamo Watanzania Dennis Ikanda na Bernard Kissui, walichapisha hesabu ya mashambulizi ya simba nchini: kati ya 1990 na 2004 waliuawa watu wasiopungua 563 na kujeruhiwa 308. Sehemu kubwa ilikuwa kusini-mashariki, Rufiji na Lindi zikiwa kwenye kilele. Mashambulizi yalizidi wakati wa mavuno, Machi hadi Mei, watu wanapolala kwenye madungu, vibanda vya kulindia mashamba, kuwangoja nguruwe pori. Mahali ambapo pofu na nyati wamekwisha, simba hufuata nguruwe. Nguruwe hufuata muhogo na mpunga. Na kati ya simba na nguruwe kuna mtu amelala.

Utafiti wa Hadas Kushnir katika wilaya za Rufiji na Lindi ulionyesha nani hasa huliwa: wanaolala nje mara nyingi zaidi, wanaotembea mbali kufuata maji na kuni, wenye nyumba dhaifu. Mwingine wa 2011 ulionyesha kwamba simba hula watu zaidi katika siku zinazofuata mwezi mpevu, giza linaporudi baada ya jua kuzama. Askari wa lindo, peke yake, nje, usiku, yumo kwenye maelezo hayo kama aliyeandikiwa.

Wala simba anayekula watu si lazima awe mzee aliyechoka. Simba wa Rufiji aliyeua watu wapatao 35 kati ya 2002 na Aprili 2004 alikuwa na umri wa miaka mitatu na nusu hivi. Alipouawa alikutwa na gego lililopasuka na jipu kubwa chini yake. Simba wengi wa ukanda wetu wa pwani hawana manyoya mengi shingoni, na mtu aliyezoea picha za simba wa Serengeti anaweza kumtazama dume wa Lindi akadhani ni kitu kingine. Ila hata manyoya haba ya shingoni ni marefu, na kiganja cha mtu anayekufa kinatosha kuyang'oa.

Hukumu yangu ni ile ya Hichens ya usiku wa kwanza. Simba mmoja, pengine dume kijana au mwenye jeraha, aliingia mjini, akapata windo rahisi, akarudi usiku wa pili, akazunguka vijiji vya pwani, kisha akafa au akahama. Mngwa wa mwindaji wa Mchinga ndicho kiungo ambacho siwezi kukifunga kwa uhakika huo, maana yule alikuwa mzoefu na alijeruhiwa akiwa karibu kabisa. Lakini mtu anayeraruliwa hapimi rangi.

Lipo jambo la leo katika haya. Kusini bado kuna watu wanaosema simba anayekula watu si simba, ametumwa, ni wa mtu. Kijiji kikishaamini hivyo, hasira humwendea jirani, na ofisa wa wanyamapori haitwi mapema, nyayo zingali mbichi. Halafu kuna fomu. Kanuni za 2011 za kifuta jasho na kifuta machozi huipa familia ya aliyeuawa na mnyama hatari malipo madogo ya serikali, na fomu inataka mnyama atajwe na athibitishwe. Simba na chui wamo kwenye orodha. Nunda hayumo, na simba wa kutumwa hayumo. Kwa hiyo ukipata msiba huo huko Nachingwea au Liwale, usiufagie uwanja. Funika nyayo kwa beseni, unywele wowote uweke kwenye karatasi kavu usiuguse kwa mkono, umwite mtendaji wa kijiji siku ileile. Shina la unywele mmoja leo linatosha maabara kutaja mnyama kwa jina.